Mwalimu, kompyuta yako haina virusi

Mwalimu mstaafu aliteremka kutoka Dongobesh kupitia Dareda, akafika kwangu Katesh saa tano asubuhi, kompyuta yake ameizungushia kanga ndani ya mfuko wa salfeti. Nikamwamkia. "Marahaba mwanangu," akasema, "nimekuletea mgonjwa aliyeshindikana." Mafundi wawili walikuwa wamekwisha kumgusa mgonjwa huyo. Wa kwanza alisema ni virusi, akachukua shilingi 15,000 na hali ikabaki ileile. Wa pili alisema virusi vimeila windo, dawa yake ni kupiga windo mpya kwa shilingi 30,000, na vyote vilivyomo vitafutika. Ndani ya kompyuta hiyo mlikuwa na hesabu za kikoba cha kijijini kwake, hisa na mikopo ya majirani kwa miaka sita. Mwalimu akakataa, akapanda gari.

Niliiwasha mbele yake. Windows ikafunguka bila tabu. Nilipobofya programu ya hesabu, kikatokea kijisanduku chenye alama nyekundu na maneno ya Kiingereza yaliyokuwa yakisema kwamba programu haiwezi kuanza kwa sababu faili la MSVCP140.dll halipo kwenye kompyuta hii. Basi, hakuna zaidi. Nikachomeka flashi yangu, nikasakinisha kifurushi cha megabaiti 25 hivi, nikabofya tena, na majina ya majirani zake yakajipanga kwenye kioo kama alivyoyaacha. Kazi ya dakika nne. Mwalimu alivua miwani, akaifuta, akaivaa, kisha akauliza swali ambalo katika miaka yangu kumi na moja ya ufundi nimeulizwa mara chache mno: "Sasa hicho kilichokuwa hakipo ni kitu gani?"

Siku ile nilimjibu kwa haraka kwa sababu kulikuwa na foleni ya watoto wa shule wanaosubiri kuchapishiwa fomu. Leo nataka kumjibu sawasawa, na nataka mafundi wenzangu wa Hanang na Mbulu wasikie, maana lawama kubwa ni yetu.

Baba yangu alikuwa fundi mitambo kwenye mashamba ya ngano ya Basotu enzi za NAFCO, shirika la umma la kilimo. Vijana wa sasa huenda hawajui ukubwa wa kazi ile. Kwa msaada wa Kanada, kuanzia miaka ya 1970, tambarare za Hanang zililimwa mashamba saba, jumla yake ekari zipatazo 70,000, na malisho ya Wabarbaig yakaingia humo, dai lililofika mahakamani na ambalo hapa kwetu bado lina uchungu. Baba hakupenda kuzungumzia siasa za mashamba. Alipenda kuzungumzia stoo ya spea. Rafu za chuma mpaka juu, na kila beringi imechongwa namba ubavuni. Kiwanda kilichounda kombaini, alisema, hakikuunda kila beringi yake. Kilichagua ya namba fulani, namba ileile inayoweza kukaa kwenye trekta na kwenye trela pia. Kombaini ikisimama katikati ya ngano, fundi wa ovyo alitangaza kwamba injini imekufa. Fundi wa kweli alilala chini, akapangusa grisi kwa kidole, akasoma namba.

Programu ya kompyuta imeundwa hivyohivyo. Aliyeandika programu ya kikoba cha mwalimu hakuandika kila kitu kilichomo. Kuigeuza tarakimu iwe maandishi, kupanga majina kwa alfabeti, kuomba nafasi kwenye kumbukumbu ya kompyuta na kuirudisha kazi ikiisha, hizo ni kazi zinazohitajiwa na maelfu ya programu duniani. Zimekwisha kuandikwa mara moja na watu wengine, zikawekwa katika mafaili ya pembeni. Programu ikiwashwa, inayaita mafaili hayo kwa majina, moja baada ya jingine, kabla hata haijakuonyesha dirisha lake la kwanza. Moja lisipoitika, programu inagoma pale pale. Mafaili hayo ndiyo maktaba za pamoja. Kwenye Windows mengi yanaishia na herufi dll, na kwenye Linux yanaishia na so.

Mfano wa beringi unanifikisha mbali lakini haunifikishi mwisho. Beringi moja hukaa kwenye mashine moja. Maktaba moja iliyomo kwenye kumbukumbu ya kompyuta huweza kutumiwa na programu kumi kwa wakati mmoja, na hiyo ndiyo sababu ya kwanza ya kubuniwa kwake. Windows ya kwanza, iliyotoka Novemba 1985, ilitakiwa kufanya kazi kwenye kompyuta yenye kumbukumbu ya kilobaiti 256. Picha moja ya simu yako ya leo isingeenea humo. Katika ufinyu ule, kila programu kubeba nakala yake ya kila kitu hakukuwezekana, ikabidi zigawane. Faida ya pili ikaonekana baadaye: kosa likigunduliwa ndani ya maktaba, linarekebishwa mahali pamoja na programu zote zinazoitumia zinapona kwa pamoja.

Kugawana kuna shida zake, na mtu yeyote aliyekulia kwenye boma lenye ndugu wengi anazijua. Katika miaka ya 1990 programu mpya ikisakinishwa ilikuwa inaweza kulifuta faili la pamoja na kuweka toleo lake, na kesho yake programu ya zamani haifunguki. Mafundi wa nje wakaiita hali ile jehanamu ya dll. Windows 2000 ilianza kuyalinda mafaili yake ya ndani yasibadilishwe hovyo, na Windows XP ya mwaka 2001 ikaweka utaratibu wa matoleo mbalimbali ya maktaba kukaa ubavu kwa ubavu, kila programu ikachukua la kwake. Ndiyo maana leo ukifungua orodha ya programu kwenye kompyuta yako unakuta mistari saba au minane inayosema Visual C++ na mwaka tofauti. Wateja huniletea kompyuta wakidhani ni uchafu, wengine wamekwisha kuifuta mistari mitatu ili kupata nafasi. Tafadhali, iacheni. Hizo ni rafu za stoo.

Na hapa ndipo namba inapokuja. Neno kama MSVCR100 linatisha kwa sababu hakuna aliyewahi kumwambia mtu wa kawaida kwamba lina maana. 100 ni kifurushi cha mwaka 2010. 110 ni cha 2012. 120 ni cha 2013. 140 ni kifurushi kimoja kilichounganishwa, kinachobeba 2015, 2017, 2019 na 2022. Kuwa na 140 hakuzibi pengo la 100, kama vile beringi mpya na nzuri ya namba nyingine isivyoingia kwenye ekseli. Vijana wanaoniletea kompyuta za magemu hukutana na jina jingine, d3dx9_43.dll, na hilo linatoka kwenye kifurushi cha DirectX cha Juni 2010, megabaiti 95 hivi, ambacho hata mwenye Windows mpya kabisa anaweza kukihitaji kwa sababu gemu lenyewe ni la zamani. Namba na jina vinakuambia rafu. Fundi asiyesoma ujumbe ulio mbele ya macho yake na kurukia kusema virusi anamdhulumu mteja.

Sisemi hivi nikiwa juu ya kilima. Mwaka wangu wa kwanza wa kazi nami nilifanya kile ambacho wengi wanakifanya mpaka leo: naandika jina la faili mtandaoni, naingia kwenye tovuti inayogawa faili mojamoja bure, napakua, nalitumbukiza kwenye folda ya System32, najaribu. Faili lenyewe halifiki megabaiti moja, na bando ni ghali, kwa hiyo linavutia kuliko kifurushi kizima. Mara nyingi halikusaidia. Nilikuja kuelewa kwamba faili hilo lina ndugu zake wanaosafiri nalo. Ukimweka mmoja, programu inalalamika kuhusu wa pili, ukimweka wa pili, wa tatu. Tena nilikuwa naliweka mahali pasipo pake. Kwenye Windows ya biti 64, folda ya System32 ndiyo inayotunza maktaba za biti 64, na zile za biti 32 hukaa kwenye SysWOW64. Majina yamekaa kinyume na akili ya mtu, na fundi asiyefundishwa lazima aanguke. Kifurushi kamili kinajua chenyewe kila kitu kiwekwe wapi.

Lakini kuhangaika ni hasara ndogo. Maktaba si picha wala waraka. Ni maagizo yanayotekelezwa, na yanatekelezwa kwa mamlaka ya programu iliyoyaita. Ukiliweka faili usilojua limetoka kwa nani ndani ya kompyuta yenye hesabu za kikoba, umemkabidhi mtu usiyemjua funguo za sanduku. Watu makini kabisa wamewahi kukaribia kunaswa. Machi 2024 mhandisi aitwaye Andres Freund aliona kwamba kuingia kwenye kompyuta ya mbali kunachelewa kwa karibu nusu sekunde. Nusu sekunde. Alifuatilia, akakuta kwamba kwenye liblzma, maktaba ya Linux ambayo kazi yake ni kubana mafaili yawe madogo, matoleo ya 5.6.0 na 5.6.1 yalikuwa yamefichwa mlango wa siri. Aliyeuweka alijiita Jia Tan, na alikuwa amejipatia imani ya mtunzaji wa maktaba ile kwa kazi ya zaidi ya miaka miwili. Matoleo yale yangesambaa, kompyuta nyingi zinazoendesha huduma za dunia zingekuwa wazi kwake. Kama maktaba inayotunzwa hadharani, mbele ya macho ya wataalamu, iliweza kutiwa sumu, je, faili ulilopewa na tovuti isiyo na jina la mwenyewe?

Niseme pia kwa nini mafaili haya hupotea, maana mteja akishajua ataweza kujilinda. Mara nyingi hayakupotea, hayakuwahi kuwepo: programu ilikopiwa kutoka kwa rafiki kwa kuburuta folda kwenye flashi, haikusakinishwa. Wakati mwingine mtu amefuta programu moja nayo ikaondoka na kitu kilichokuwa kinatumiwa na nyingine. Umeme ukikatika kompyuta ikiwa katikati ya kuandika, faili linaweza kuharibika. Na kuna sababu ambayo watu hawapendi kuitaja. Programu nyingi zinazozunguka mitaani kwetu zimevunjwa kufuli, na mara nyingi kufuli huvunjwa kwa kubadilisha maktaba mojawapo na ya bandia. Antivairasi inaiona ile bandia, inaitenga, na programu inagoma. Hapo mteja anasema antivairasi yake ni mbovu. Haikukosea.

Nilielewa haya kwa moyo, si kwa kichwa tu, baada ya Desemba 3, 2023. Kila mtu wa Katesh anaijua Jumapili ile, Mlima Hanang ulipotema maji, tope na mawe, na watu zaidi ya 80 wakapoteza maisha. Sina haja ya kuieleza. Wiki zilizofuata, watu walipoanza kutafuta vilivyobaki, mama mmoja aliniletea kompyuta ya mezani iliyochimbuliwa ukumbini kwake. Alikuwa anatunza humo mauzo ya duka lake na madeni ya wateja. Nilifungua kasha, tope lilikuwa limekauka kwenye feni na kwenye bodi, ila diski ngumu ilikuwa nzima. Nikaisafisha kwa nje, nikaiacha ikauke siku tatu, nikaiunganisha kwenye kompyuta yangu, na ikasomeka. Tulishikana mikono, mimi na yeye.

Nikakopi folda ya programu yake nzima kwenye kompyuta nyingine, nikabofya. Haikufunguka. Data ipo, programu ipo, lakini maktaba alizokuwa akizitumia kila siku bila kujua zilikuwa zimebaki kwenye folda ya Windows ya kompyuta iliyokufa, na sidii ya kusakinishia ilikwenda na tope. Ujumbe ulisema MSVCR120. Nikaweka kifurushi cha 2013, cha biti 32 kwa sababu programu ilikuwa ya biti 32, na ikafunguka. Ningekimbilia kupiga windo mpya juu ya diski ile, kama tulivyozoea, ningemfutia mama yule kitu ambacho mlima ulimwachia.

Kwa hiyo nasema wazi: kupiga windo kwa kila hitilafu ni ufundi wa uharibifu. Wapo watakaonijibu kwamba mteja hana muda na windo mpya inamaliza yote. Inamaliza kweli, pamoja na barua zake. Soma ujumbe kwanza. Kama programu moja tu ndiyo inayogoma, tatizo liko kwenye programu hiyo na maktaba zake. Kama ni mafaili ya Windows yenyewe yaliyoharibika, fungua dirisha la amri kwa mamlaka ya msimamizi, andika sfc /scannow, nenda kanywe chai. Windows itayakagua mafaili yake na kurudisha yaliyo mabovu kutoka kwenye akiba yake. Kisha mwandikie mteja kwenye risiti ulichokirekebisha: jina la faili, jina la kifurushi. Mteja wa gari anaondoka na beringi yake mbovu mkononi kama ushahidi. Wa kompyuta anaondoka na neno "virusi".

Wapo wengine wa kuulizwa, nao wana uwezo kuliko mafundi. Nazungumza na wanaoandika programu na taasisi zinazozigawa kwa vituo, vyama vya ushirika na vikundi. Nimewahi kuletewa programu ya kusakinisha katika ofisi kumi na mbili za vijijini, na kisakinishi chake kilipofika katikati kikaanza kutafuta intaneti ili kiyachukue mafaili ya pamoja huko kwa wenyewe. Aliyekiandaa alikaa mahali penye nyaya za mtandao ukutani. Mimi nilikuwa Yaeda Chini, nimesimama juu ya jiwe nikitafuta mnara. Megabaiti 25 zilizokosekana kwenye sidii ile ziliturudisha tulikotoka, zikachoma mafuta ya pikipiki na siku nzima ya watu walioacha mashamba yao ili watusubiri. Microsoft inaruhusu kifurushi hicho kisambazwe pamoja na programu yako. Kifungasheni. Vya biti 32 na biti 64, vyote viwili, na kama kuna kompyuta za Windows 7 huko mnakopeleka, na zipo nyingi hapa ingawa msaada wake uliisha Januari 14, 2020, jaribuni programu yenu juu yake kabla hamjaileta, au mwambieni mtu mapema kwamba haitafanya kazi.

Na ujumbe uandikwe kwa Kiswahili. Mwaka 2004 Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilitoa Jambo OpenOffice, programu nzima ya ofisi iliyozungumza Kiswahili, kwa hiyo maneno tunayo na mfano tunao kwa zaidi ya miaka ishirini. Mwalimu wangu wa Dongobesh alifundisha hesabu kwa Kiswahili miaka thelathini na minne. Angeambiwa na kompyuta kwamba maktaba ya pamoja fulani haipo, na kifurushi chake ni hiki, asingehitaji fundi wa kwanza wala wa pili, na huenda asingenihitaji mimi. Sioni ubaya wowote katika hilo.

Kwa upande wangu nimeanza na kinachowezekana. Nina folda kwenye diski ya nje niliyoipa jina Stoo. Ndani yake mna vifurushi vyote vya Visual C++ kuanzia 2005, vya biti zote mbili, vimepakuliwa kutoka kwa Microsoft wenyewe, pamoja na DirectX ya Juni 2010 na .NET, ambayo peke yake inazidi megabaiti 100. Vyote kwa pamoja havijazi robo ya flashi ya gigabaiti 4. Fundi yeyote kutoka Haydom, Basotu, Endasak au Mbulu mjini akija na flashi yake ninamkopia bure, na tayari wameshakuja wanne.

Juzi jioni simu iliita. Mwalimu. Alikuwa kwa jirani yake, na kompyuta ya jirani imegoma kufungua programu ya kuchora ramani za viwanja. "Mwanangu, hii imeandika MSVCR, halafu mia moja na kumi. Hiyo si ya 2012?" Nikamwambia ndiyo mwalimu, ni ya 2012, lakini kabla sijampa konda flashi niambie kwanza hiyo programu ni ya biti 32 au 64. Akanyamaza kidogo. Nikasikia kiti kikivutwa.

"Ngoja," akasema, "nivae miwani."